Santuri Mbili za Wimbo Mmoja

Mume wangu mpenzi, Baba Zuhura,

Nimetoka eda Ijumaa. Gramafoni yako niliifunika shuka siku walipokutoa nyumbani kwenda kukuzika, na haikufunuliwa hadi jana. Nakuandikia kwa ajili ya hiyo jana.

Unaukumbuka mchezo wetu wa Jumapili. Ukishafunika cherehani pale barazani, unatoa zile santuri mbili za jazz, wimbo uleule, tarumbeta ileile, moja imechapwa Uingereza na nyingine Bombay. Unazifuta kwa kipande cha mahameli kilichobaki kwenye gauni la bibi harusi wa Mchafukoge. Kisha unaniambia, "Geuka, Mama Zuhura. Usichungulie." Nami nageukia ukuta, mikono imejaa unga wa chapati.

"Hii ya wapi?"

"Uingereza."

"Na hii?"

"Bombay. Hiyo hata kuku wa jirani wanaijua."

Sikukosea hata mara moja. Ukanisifia Kariakoo nzima, kwamba mkeo ana masikio kuliko mafundi wa redio. Niliona haya, lakini sikukanusha.

Sasa nakiri. Kwangu zote mbili zilikuwa sawa. Ila ikipigwa ya Uingereza, tarumbeta ikikaribia kuingia, ulikuwa unabana pumzi. Ikipigwa ya Bombay uliendelea kuhema, kama mtu anayepuliza mkaa wa pasi. Nilikuwa nasikiliza pumzi zako tu.

Jana akaja rafiki yako Salehe, yule karani wa bandarini, na santuri mbili kwapani.

"Shemeji, nimepata mbili za wimbo mmoja, moja ya Uingereza na moja ya Bombay, nataka kubaki na iliyo bora. Nisaidie kwa masikio yako."

Akafunua gramafoni. Niligeukia ukuta kama zamani. Akapiga ya kwanza, akapiga ya pili. Nyuma yangu pumzi zako hazikuwapo. Nilitaka kutaja yoyote, nisiyageuze maneno yako kuwa uongo na wewe uko kaburini. Nikashindwa.

"Sijui, shemeji. Sikuwahi kujua." Nikamweleza yote, uso bado ukutani.

Akacheka taratibu. "Marehemu alijua. Alisema, mke wangu hasikilizi santuri, ananisikiliza mimi. Siku nyingine alikuwa akibana pumzi makusudi, usije ukakosa."

"Sasa ulikuja kuniuliza nini?"

"Alinituma yeye, alipokuwa kitandani. Alisema ukitoka eda nije nipige santuri humu ndani, maana peke yako hutaifunua gramafoni."

Nikalia, Baba Zuhura. Salehe akajifanya anapangusa sindano.

Shuka nimeifua, nimeirudisha kitandani. Jumapili hii nitapiga zote mbili, ya Uingereza na ya Bombay, nami nitaelekea ukutani. Tarumbeta ikikaribia kuingia, pumzi nitabana mimi.

Mungu akulaze pema.

Mkeo,
Mama Zuhura