Alichokifuata Binti wa Kanji

Senta, Tarime
3 Juni 2024

Mwanangu Nelson,

Pokea salamu za nyumbani. Natumaini u mzima huko Nyamongo na kifua kimepumzika na lile vumbi la machimbo ya dhahabu. Sisi huku tunakwenda hivyo hivyo. Goti linanisumbua asubuhi, likipata jua linakubali. Ng'ombe mwekundu amezaa jike.

Nakuandikia kwa mkono kwa sababu simu ndani ya nyumba haishiki. Lazima nisimame barabarani, na mambo haya si ya barabarani. Barua anakuletea Marwa wa bodaboda. Nimeibandika kwa gundi. Ukikuta imefunguliwa, niambie.

Jumamosi gari jeupe lilisimama mbele ya nyumba. Akashuka mama wa Kihindi, mzee kunizidi, amevaa sari na raba za michezo. Hakubisha hodi. Alisimama akaitazama baraza, akagusa nguzo, ndipo akanisalimia. Kwa Kikurya, Nelson. Kile Kikurya cha wazee. Akasema yeye ni Hansa, binti wa Kanji.

Wewe Kanji hukumwona. Ndiye aliyejenga nyumba hii tunayokaa, zamani za Mwingereza, ikiwa duka. Babu yako Nyangwine alishona cherehani hapo barazani kwake tangu ujana. Mwaka 1972 Kanji alifunga duka akahamia Mwanza, akamwachia babu yako funguo mkononi, akamwambia kaa. Maneno matupu. Hati hatuna mpaka leo, na viwanja vya senta unajua siku hizi vinavyogombewa.

Huyu mama hakuomba maji wala kiti. Aliomba kuona nyuma. Akaenda moja kwa moja mpaka zizini, kwenye ile kona ya ukutani, akawa anatazama chini. Nikamuuliza, "Umepoteza kitu?"

Akasema, "Hapana, mdogo wangu. Naangalia tu."

Mtu hatoki Mwanza kuja kuangalia samadi. Amesema atarudi. Mimi naona anataka nyumba. Nishauri.

Mama yako,
Wegesa


Nyamongo
7 Juni 2024

Shikamoo mama,

Barua imefika na gundi yake. Mimi mzima, kifua si kibaya. Pole na goti, nitakutafutia ile dawa ya kupaka. Hongera kwa ndama.

Mama, sikiliza. Kama angetaka nyumba angeanza na ofisi ya ardhi, angekuja na mwenyekiti na mtu wa kupima. Huyu hakuangalia nyumba, ameangalia ardhi. Huku kila mtu anajua Wahindi wa zamani walikuwa wanafukia mali. Benki ilikuwa mbali, na Mwingereza alikuwa anawakagua. Wakaondoka haraka, vingine vikabaki. Watoto wao sasa ndio wanarudi, wamezeeka, wana ramani kichwani.

Usisaini kitu. Usipokee zawadi, hata sukari. Akija tena, usimruhusu kufika nyuma.

Halafu niambie vizuri: alisimama kona ipi? Ile ya upande wa kwa mama Robi au ile ya jikoni? Nina rafiki hapa, Steven, ana mashine ya kupimia madini chini ya ardhi. Simwambii mtu mwingine.

Mwanao,
Nelson


Senta, Tarime
17 Juni 2024

Mwanangu Nelson,

Salamu. Sisi wazima. Dada yako Elieth huko Mugumu yuko karibu kujifungua, tumwombee.

Mhindi amerudi. Safari hii alikuja na kikapu cha matunda, nikakikataa kama ulivyosema. Kuna aibu fulani kumrudishia mtu mzima kikapu chake mkononi, lakini nilifanya. Nikamkalisha barazani, nyuma hakufika.

Nikamwambia, "Hansa, nyumba hii baba yako alimpa baba yangu."

Akasema, "Najua. Nilikuwepo. Sijaja kwa ajili ya nyumba."

"Basi umekuja kwa ajili ya nini?"

Akazungusha bangili zake. Halafu akaanza habari nyingine kabisa, za utoto wake, nami nikawa naona ananizungusha. Ila nikiri, mengine yalikuwa ya kweli, maana baba alikuwa akiyasimulia. Kwamba dukani kulikuwa na kiti kimoja tu, na Bwana DC akiingia Kanji anainuka, Mzungu anakaa, Kanji anabaki wima katika duka lake mwenyewe kama karani. Na Mkurya akiingia anasimama upande wa magunia, hakuna wa kumwambia karibu. Baba alikuwa anasema alishona miaka yote ile na chai yake aliletewa kwenye kikombe cha bati kilichotundikwa kwenye msumari wake peke yake nje. Nikamtajia Hansa kikombe hicho. Alishusha macho. "Kweli," alisema. "Tulimfanyia hivyo." Hakujitetea.

Akaniambia leseni ya duka ilikuwa ya mwaka mmoja mmoja, na Mhindi hakuruhusiwa kukaa nje ya senta wala kumiliki shamba la Mwafrika. Usiku wa kuamkia siku ya kukata leseni, anasema, baba yake alikuwa halali.

Nikarudi pale pale. "Nyuma kuna nini, Hansa? Mmefukia nini?"

Hapo uso ulibadilika, Nelson. Nilimwona kwa macho yangu. Akasema, "Nikikuambia leo, utaogopa kuishi hapa. Niache niongee na kaka yangu kwanza. Si neno langu peke yangu."

Akaondoka. Sasa hata mimi sijui tena. Labda kuna kitu kweli.

Lakini nikuambie na wewe. Katika barua yako umeuliza kona mbili, na dada yako hukumuulizia hata mara moja. Usije na watu hapa. Nyumba ikianza kuchimbwa, senta nzima itakuja na majembe.

Mama yako,
Wegesa


Nyamongo
24 Juni 2024

Shikamoo mama,

Nisamehe kwa habari ya Elieth, akili haijatulia. Shimo letu limeingia maji, tumekaa bure.

Mhindi amekwambia mwenyewe kwamba kuna kitu, na mtu wa pili anakuja. Wakija wawili na gari, wewe peke yako utawazuia? Fikiria hilo.

Utakwenda lini Mugumu kumwangalia Elieth? Nadhani ni vizuri uende mapema ukakae naye, asijifungue peke yake. Ng'ombe atawaangalia mama Robi. Niambie tu siku.

Mwanao,
Nelson


Senta, Tarime
9 Julai 2024

Nelson,

Elieth amejifungua salama, mtoto wa kiume. Ulipaswa kuanza kwa kuuliza hilo, lakini sikupata hata simu yako.

Nimerudi jana. Ng'ombe wamefungwa nje, kwenye mti wa mama Robi. Zizini kona ya ukutani udongo umegeuzwa, umerudishwa, ukakanyagwa kwa viatu, na samadi imetandazwa juu kama mtu anayetandika kitanda cha mwenzake ili mwenyewe asijue. Mimi nimefagia zizi hilo tangu nikiwa msichana.

Nilimuuliza mama Robi. Alikuwa anapepeta ulezi, hakuinua kichwa. Akasema, "Si ulimtuma mwanao? Alikuja mchana na mwenzake, wana mashine inayolia. Nilipokohoa tu wakaharakisha, wakatoka na kitu wamekifunga kwenye turubai."

Nikamjibu kwamba ndiyo, nilimtuma. Nimedanganya kwa ajili yako.

Sasa ulinipeleka Mugumu kwa mapenzi ya dada yako, au ulinitoa njiani? Na hicho kitu ni nini? Marwa anasubiri jibu, nimemwambia asirudi bila barua.

Wegesa


Senta, Tarime
21 Julai 2024

Nelson,

Marwa alirudi mikono mitupu. Amesema alikukuta, ukamwambia utaandika. Basi kaa chini usome, hata kama hutaki.

Hansa alikuja jana na kaka yake, mzee wa fimbo, pamoja na chombo kidogo cha shaba kilichofungwa kitambaa chekundu. Nilitaka kuwafukuza. Niliogopa watakachokiona huko nyuma kuliko watakachokisema.

Wakakaa barazani. Kaka mtu akamtazama Hansa, Hansa akasema.

Kabla yao wawili, mama yao alizaa mtoto wa kiume. Mwaka 1946. Akaishi miezi michache, homa ikamchukua masika, barabara ya Musoma imekatika. Huko Musoma ndiko Wahindi walikuwa na mahali pao. Watoto wachanga hawawachomi kama wakubwa, Nelson, wanawazika. Kanji alikwenda bomani kumwomba Bwana DC sehemu. Makaburi ya boma yalikuwa ya Wazungu. Ndani ya senta ilikuwa marufuku kuzika, kanuni za afya, na mtu wa duka akivunja kanuni leseni inakwenda. Nje ya senta hakuwa na haki ya hata hatua moja ya ardhi. DC alimwambia asubiri barabara ifunguke.

"Mtoto hasubiri barabara," Hansa alisema.

Kwa hiyo walimzika wenyewe nyuma ya duka, ndani ya sanduku dogo la bati, na bangili zake mbili za fedha miguuni. Mama yao alizuiwa asilie kwa sauti kwa sababu askari wa kodi walikuwa wamepanga nyumba ya pili. Na aliyechimba na Kanji alikuwa baba yangu. Babu yako Nyangwine, mtu wa kikombe cha msumari. Hakumwambia mtu, hata mama yangu. Kanji alipoondoka ndipo baba akahamishia zizi hapo, jembe lisipite juu ya mtoto.

Mama yao amefariki Machi, Mwanza, ana miaka tisini na saba. Majivu yake wameyamwaga ziwani, ila aliomba kidogo yaletwe kwa mwanawe. Ndiyo yaliyokuwa kwenye chombo. Hansa hakutaka kusema kwa sababu aliogopa nitaona nyumba ina mkosi, au nitawaambia watu, na watu watakuja kuchimba.

Nilisikia neno hilo, Nelson, nikiwa nimekaa mbele yake.

Wakaomba kufika nyuma. Nikawapeleka, ningefanya nini. Kaka mtu aliona kwanza. Alichokonoa udongo kwa fimbo, ikaingia bila kuzuiwa. Hansa akanigeukia, akauliza kwa sauti ya chini kabisa, "Wegesa, nani amefika hapa?"

Nikamwambia, "Mwanangu."

Wamepanga chumba Tarime mjini. Wamesema watakaa mpaka wapate jibu. Hawajakwenda polisi. Kaka mtu alitaka, Hansa akamshika mkono.

Niandikie.

Mama


Nyamongo
27 Julai 2024

Shikamoo mama,

Nimeanza barua hii mara nyingi.

Tuliposikia kukohoa hatukufungua. Lilikuwa sanduku limeoza kwa kutu, zito kwa udongo, mashine ilikuwa inalia juu yake. Steven aliimba njia nzima. Tulilifungulia chumbani kwangu. Udongo, halafu bangili mbili ndogo, nyeusi, halafu vifupa vyembamba kama njiti za kiberiti. Mimi nilidhani ni vya kuku. Steven ndiye aliyesema hapana.

Akataka kuvichukua. Alisema kuna mganga atavitaka, na kwamba vya Mhindi vina nguvu zaidi. Tulipigana, mama. Si maneno, tulipigana kweli, jino langu moja limetoka. Alibeba bangili akaniachia hivyo vingine. Sikukujibu kwa sababu sikujua niandike nini. Nimevifunga kwenye shuka ulilonipa na nimeviweka juu ya kabati. Sijaweza kulala chumba hicho, nalala kwa jirani.

Baada ya barua yako nilikwenda kwa sonara aliyeuziwa. Bangili moja ilikuwa imeshayeyushwa. Nyingine nimeipata, ninayo mfukoni. Steven ameondoka, wengine wanasema Sirari, mpakani.

Mama, mimi sikumjua. Nilidhani ni mali ya watu waliotudharau. Nilidhani tuna haki.

Nikija, wataniitia polisi? Na wewe utanifungulia mlango?

Mwanao, kama bado,
Nelson


Senta, Tarime
29 Julai 2024

Nelson mwanangu,

Barua yako nimempelekea Hansa, nikamsomea. Kwenye habari ya bangili iliyoyeyushwa aliniomba nirudie, nikarudia. Hakuigusa chai mpaka ikapoa. Kisha akauliza jino gani.

Habari ya polisi sijamuuliza, wala ya nyumba. Sina uso wa kuuliza. Nilimdhania mwizi tangu siku ya kwanza aliposhuka garini, na sasa akitutazama naona anatuhesabu hivyo hivyo, mimi na wewe, na hajakosea. Kaka yake bado hanipi mkono.

Amesema kaburi liwe pale pale. Nimeshahamisha ng'ombe. Mama Robi amenisaidia kusafisha, nimemweleza kila kitu, na senta inajua. Wacha wajue.

Njoo Alhamisi, mchana, watu wakiwa macho. Panda basi, usipande pikipiki. Mtoto usimweke kwenye buti wala kwenye mfuko wa nailoni. Mpakate. Konda akikuuliza umebeba nini, mwambie ni mtoto wa kwetu, unamrudisha nyumbani.

Mlango uko wazi.

Mama yako,
Wegesa