Kengele ya Baba Mkwe

Dukani kwangu, Bondeni,
Kyela.
21 Machi 1996

Kwa ndugu yangu, rafiki yangu na mkwe mwenzangu Anyosisye,

Ugonile, bwana. Natumaini barua hii itakukuta hapo Liuli ukiwa mzima, pamoja na mama watoto, na kwamba ule mguu ulioangukiwa na gogo sasa unakanyaga chini. Huku tunapumua. Mvua imeshika, Bujonde yote ni maji, mpunga umesimama vizuri na vyura wanaimba kuliko kwaya ya kanisani. Mke wangu Maria anakusalimu. Mjukuu wetu Lusungu anakusalimu kwa meno mawili ya chini. Binti yako Angetile YU HAI. Nimeliandika hilo mapema na kwa herufi kubwa kwa sababu mabaharia wa meli itakayoibeba barua hii kutoka Itungi wana midomo, na sitaki usikie nusu ya habari kwao ukaanza kulia gatini mbele ya wachuuzi wa dagaa usipa. Amelazwa, leo siku ya sita. Kaa chini, mwenzangu, usome polepole, na usimsomee mtu.

Nianze na habari zangu, maana bila hizo hutazielewa za kwake.

Unanijua. Darasa la sita niliacha shule kwa hiari, au mwalimu aliacha kwa hiari kunifundisha, hadi leo hatujaafikiana. Lakini nimekula ugali wa Ndola, nimelala Blantyre kwenye kitanda chenye mashuka mawili, na nimefagia zahanati ya misheni miezi minane nikatoka na elimu ambayo wengine wanaifuata Dar es Salaam miaka mitano. Enzi zile za foleni ya sabuni elimu hiyo haikuwa na kazi. Sasa biashara ni ruksa, dawa zinashuka Tunduma kwa maboksi, na kila mwenye rafu na mlango wa bati amekuwa mfamasia. Rafu yangu ina ngazi nne. Bondeni nzima wananiita Dokta, nami nimekuwa nikiitika, hata mlangoni nililiandika.

Duka lina milango miwili. Wanaoingia wa mbele wanataka dawa ya kikohozi. Wanaokuja wa nyuma hawataji wanachotaka. Mmoja atasema siku zimechelewa, mwingine tumbo limefunga, mwingine ana ndugu yake mwenye shida ndogo. Wanatoka Ipinda, wanatoka Ngonga, wengine wanavuka Songwe kutoka Malawi. Mwezi wa kwanza mchungaji alihubiri juu ya wauaji wa watoto walio tumboni. Nilitazama mabenchi ya akina mama nikaona vilemba vitatu vilivyopita mlango wangu wa nyuma, na vyote vinaitikia amina. Nami niliitikia, kwa sauti nene. Hospitali hawaendi, kwa sababu sheria ni jela kwa mwenye tumbo na jela kwa anayemsaidia, na kabla hujafika jela unakutana na muuguzi wa zamu ambaye ni shangazi wa mtu. Basi nilikuwa nawapa vidonge vya malaria. Wingi wake siuandiki hapa, asije akauona mtu. Nilisikia kwa dereva mmoja wa Zambia kwamba vikizidi vinarudisha siku, na yeye alisikia kwa mwenzake. Ungeniuliza wamepona wangapi, ningekujibu wote, maana hakuna aliyerudi kulalamika.

Sasa nije nyumbani. Tangu mwanangu Godwin amuoe Angetile, miaka minne hii, mila ya baba mkwe na mkamwana kutoonana tumeishika kama walivyoishika mama zetu. Uso wa mkamwana wangu siujui. Najua kanga zake, najua kikohozi chake, najua anavyoimba akitwanga. Nikitoka Bondeni jioni nafika kwenye migomba ya jirani napiga kengele ya baiskeli, kring kring, mara tatu, ili apate nafasi ya kupita nyuma ya nyumba. Kengele yenyewe ni ya Kihindi, inasikika hadi mtoni. Jirani yangu wa dukani, Hanifa, mke wa Yasini muuza vitambaa, watu ambao wazee wao walitoka pwani, ananicheka hadi leo. Husema kwao mkwe anamwandalia baba mkwe chai na kumkalisha kitini, sisi Wanyakyusa tunafukuzana kama paka na panya ndani ya uwanja mmoja. Mimi humjibu kwamba ndiyo maana nyumba zetu hazina kelele.

Mwezi wa pili jirani yetu mmoja wa Bujonde alionekana na tumbo huku mtoto wake hajaota jino. Unajua maneno ya watu. Maria alisema mwanamke wa namna hiyo anambemenda mtoto, maziwa yanageuka sumu, na mbuzi ana subira kuliko yeye. Nami nilikuwa nimekaa uwanjani na bakuli la wali, hadhira ninayo, nikaongeza ya kwangu. Niliigiza yule mama anavyotembea, mtoto mgongoni na mtoto mbele, kama punda wa Mbeya mwenye magunia mawili. Watu walicheka hadi wakashika mbavu. Nilipaza sauti ili hata aliyeko jikoni asikose. Aliyeko jikoni alikuwa Angetile.

Wiki iliyopita, Alhamisi ya gulio, Hanifa aliingia dukani kwangu kwa mlango wa nyuma. Nilishangaa, maana yeye hupita mbele akitukana. Siku hiyo hakutukana. Alisema ana ndugu yake Ipinda, mtoto wake bado ananyonya, alizaa kwa kupasuliwa na mshono haujatulia, na mume amempitia wakati wa Krismasi akarudi safarini. Nilimtania kwamba hao ndugu wa Ipinda wanazaana bila hata kumwalika jirani. Hakucheka. Nikahesabu vidonge, nikavifunga kwenye karatasi ya kaki, nikachora juu yake vile vijiti vyangu vya asubuhi na jioni. Nikamwambia amwambie huyo ndugu asiogope, Dokta yupo.

Jumamosi asubuhi Maria alinijia akiwa na wasiwasi. Angetile ameamka anatapika, kichwa kinamzunguka, masikio yanavuma, anatetemeka. Kumwona siwezi. Nilisimama upande huu wa ukuta, Maria akaingia upande ule, na ugonjwa ukawa unasafiri kupitia kinywa cha mke wangu. Niliuliza maswali kama wanavyouliza wakubwa. Mkojo vipi? Macho vipi? Nikatikisa kichwa peke yangu uwanjani. Nikasema ni malaria, tena ya mvua hizi, haina mjadala. Nikafungua mfuko wangu, nikatoa vidonge, nikampa Maria ampelekee. Nilisikia Angetile akisema kitu kwa sauti ndogo, Maria akamjibu kwamba hii ni dawa ya baba yako, imetoka mkononi mwake. Halafu nikasikia kikombe cha maji kikiwekwa chini.

Nikapanda baiskeli nikaenda dukani, moyo mweupe.

Kabla ya saa sita alianguka. Maria na wanawake wa jirani walimbeba hadi barabarani, bahati Yasini alikuwa akirudi na pikapu yake kutoka Itungi, wakampeleka hospitali moja ya misheni ambayo jina lake naliacha, na utaona kwa nini. Mimi nililetewa habari dukani. Nilikuwa ninafunga mlango niende nikasimame hata nje ya uzio, Hanifa akaja. Kilemba kilikuwa kimemlegea. Alishika kufuli langu kwa mkono wake nisilifunge.

“Dokta,” akasema, “ule mzigo haukuwa wa Ipinda. Ni wa nyumbani kwako.”

Nilimuuliza nyumbani kwangu kwa nani, na huku jibu ninalo.

“Angekujaje kwako? Hata jina lako hawezi kulitamka. Alinililia siku mbili, nikamwonea huruma.”

Anyosisye, ndilo nililokuwa ninazunguka tangu mwanzo wa karatasi hii. Mwanao nilimpa mimi. Nilimpa mara mbili, Alhamisi kwa mkono wa Hanifa na Jumamosi kwa mkono wa Maria. Mara ya kwanza sikujua ni yeye. Mara ya pili yeye alijua ni dawa ile ile, tumboni anayo tayari, na akaimeza, kwa sababu mkamwana harudishi kilichotoka mkononi mwa baba mkwe. Tena angerudisha ningeuliza kwa nini, na alikwishanisikia ninavyocheka.

Hospitali walikuwa wanamtibu malaria kwa maneno yetu. Daktari alikuwa amemuuliza ametumia nini na amepewa na nani, naye akageukia ukuta. Muuguzi alidhani anamficha mhalifu. Alikuwa anamheshimu mkwe wake.

Nilipiga baiskeli hiyo hadi hospitali kwenye tope, na njiani niliona mambo yote. Niliona kituo cha polisi, niliona rafu zangu zikibebwa, nilimwona Godwin, huko safarini anakoendesha malori, akiwasimulia wenzake kwamba baba yake ndiye. Mara mbili nilishuka nikajifanya nakaza mnyororo. Nilipofika kwenye lango kidole gumba kikafanya kazi yake ya miaka minne bila kuniuliza. Kring kring, mara tatu. Muuguzi alinieleza baadaye kwamba yule mgonjwa, ambaye tangu aletwe hakuwa na nguvu ya kuinua kikombe, aliposikia kengele alikaa, akashika mpira wa dripu, akataka kushuka kitandani atafute pa kujificha. Wakamlaza wawili.

Nilimwambia daktari nikiwa mlangoni mwa wodi, nimeipa wodi mgongo. Nilitaja dawa, nikataja idadi, zote mbili. Ni kijana mdogo kuliko Godwin. Hakunitukana, na ningefurahi angenitukana. Alisema, “Mzee, hizi haziondoi mimba. Zinaondoa mwenye mimba.” Akaniacha hapo akakimbilia kitandani.

Siku tatu moyo wa mwanao ulikuwa unadunda na kusahau kudunda. Siku tatu hizo nilikaa chini ya dirisha, nikiwahesabu wale wa mlango wa nyuma waliokuwa hawajarudi kulalamika. Jana ndiyo daktari alisema amevuka. Anaona bado kama aliye ndani ya ukungu, lakini anamjua mtoto, na amekunywa uji.

Na mimba, Anyosisye, bado ipo. Imetulia mahali pake kama mgeni asiyesikia kelele za nyumba. Daktari anasema mshono wa kujifungua kwa kwanza ni mchanga, hivyo asijaribu kuzalia kwetu kwa hali yoyote, mwezi wa nane awe yuko Mbeya. Nitampeleka. Nitakaa kiti cha mbele na yeye wa nyuma, na nitatazama barabara hadi shingo ikauke.

Unaweza kusema sasa niende nikajisalimishe. Nimekwenda kituoni mara mbili. Mara ya kwanza niliulizia mbuzi aliyepotea, na mbuzi sina. Mara ya pili sikuingia. Daktari ameandika kwenye faili malaria kali, basi, ili polisi wasije wakakaa pembeni ya kitanda. Nikisema nilichotoa, watauliza nilimtolea nani, na sheria inayonishika mimi inamshika na yeye, na Hanifa, na yule kijana wa watu aliyeandika malaria. Maisha yangu yote sijawahi kukosa pa kusemea, nimesema hadi usingizini, leo nina neno moja tu na sina pa kulipeleka ila kwako. Ukitaka kunishitaki una haki yako. Nakuomba tu ufikirie kwanza pingu ya pili itafungwa mkono wa nani.

Mlango wa nyuma nimeupigilia mbao. Jumatatu alikuja mmoja akagonga, nikamwambia kupitia mbao aende hospitali akaseme ukweli. Alicheka, mwenzangu. Alicheka vile ninavyocheka mimi. Halafu nikamsikia akigonga duka la pili.

Njoo na meli inayorudi. Utakapomwona utaamua mwenyewe kama abaki kwangu au umchukue. Sitabisha, na unajua nilivyo mtu wa kubisha.

Jambo la mwisho nikuachie. Siku ile ile ya Jumamosi niliifungua kengele kwenye baiskeli kwa bisibisi nikaitupa kwenye droo. Nilikuwa nikija hospitali kimya kimya, nakaa chini ya dirisha, naondoka. Jana Maria alitoka wodini na salamu. Angetile anaomba baba asiache kupiga kengele. Anasema akiwa haisikii, hajui niko wapi, na siku nzima analala amejifunika uso. Nimeirudisha. Skrubu iliniponyoka ikaanguka topeni, nikaitafuta kwa magoti.

Nisalimie mama watoto, ila usimwambie yote mpaka awe amekula. Salamu za Lusungu umeshapewa, lakini anakurudishia tena. Ndaga fijo kwa kusoma hadi hapa.

Ni mimi mkwe mwenzako,
Hezroni.
Lile jina jingine nimelifuta mlangoni.