Kichwa cha Matanga

Jumapili, 12 Januari 1947

Leo Shangazi Nyamvula kaninyoa. Ni Jumapili ya nne tangu tumzike mke wangu Jumwa, na ndiyo desturi ya ukoo wetu. Padri anajua, hutazama upande mwingine. Wembe ulikuwa butu. Kanikata mara mbili juu ya sikio, akapaka jivu, akaniambia nitulie.

Nikamuuliza kuhusu kofia, maana jua la mwezi huu halina huruma.

"Kofia mpaka arobaini ipite," kasema. "Ukikifunika kichwa sasa, umemfunika mkeo."

Arobaini ni Jumamosi ya tarehe 25. Siku hiyo nitampigia tarumbeta kaburini. Nilimwahidi hospitalini, siku ile ya mwisho. Hakuweza kusema tena. Lakini kidole chake kiligonga shuka mara tatu, kama alivyokuwa akigonga mlango wa chumba nikichelewa kuanza mazoezi. Maana yake: haya, anza.

Miaka kumi na minane napuliza. Shule ya misheni kwanza, kisha bendi ya jeshi mpaka Burma, na sasa bendi ya bustanini, kule kisiwani. Mimi ndiye wa kusimama mbele peke yangu wenzangu wakinyamaza. Jumwa alisikilizia nje ya ua, kwa kuwa ndani Mwafrika haingii ila awe na chombo mkononi. Tukirudi Mishomoroni huniambia ni sauti gani ilitetemeka. Hakukosea hata mara moja.

Watu wanasema kesho hakuna kwenda kazini. Mji mzima.

Jumatatu, 13 Januari

Kweli. Bandari kimya, reli kimya. Niliamka nikadhani nimekuwa kiziwi.

Nilikwenda mpaka darajani kutazama. Afadhali ningekaa. Vijana wamejipanga upande wetu huu wa Kisauni na marungu. Jirani yangu Chengo, mpishi wa Mzungu mmoja ng'ambo, alikuwa anajaribu kuvuka. Wakamkalisha chini. Mmoja wao akajifanya hakimu, kakaa juu ya debe.

"Waenda wapi, mzee wa mchuzi?"

"Kumtazama mgonjwa."

"Mgonjwa gani huyo ala mayai saa moja asubuhi?"

Watu wakacheka. Kisha wakamnyoa nusu ya kichwa kwa kipande cha chupa, upande wa kulia, ili ajulikane kuwa ni msaliti. Damu ikamwingia jichoni. Alipotaka kuinuka wakampiga rungu la goti. Nililisikia lile goti. Sikufanya kitu. Nilisimama nimejishika mikono kama mtoto aliyeambiwa asiguse.

Shemeji Lewa alikuwamo. Ni ndugu yake Jumwa, tumbo moja, kuli wa bandarini. Hakuishika ile chupa. Ila alicheka.

Yeye bado hajanyoa kwa ajili ya dada yake. Shangazi alimuuliza, akajibu ana shughuli nyingi.

Jumatano, 15 Januari

Kaja Mutua. Yeye hupiga besi, lile dude kubwa la kujivika begani. Mkamba, tulikuwa wote jeshini. Kaja na lori la askari, kashukia mbali, akatembea.

Kaleta maneno ya Bwana Fonseka, Mgoa, mkuu wa bendi yetu. Konsati ya Jumamosi hii iko palepale. Wakubwa wanataka mji uonekane mtulivu. Asiyekuja kucheza arudishe chombo cha bendi.

Nikamuuliza yeye atafanyaje.

"Erastus, mimi nina matumbo sita kule nyumbani. Hayajui mgomo."

"Na mimi nina kaburi moja."

 Akanywa maji, akaondoka.

Basi iko hivi. Nikicheza, mimi ni msaliti, na nimeona wasaliti wanavyofanywa. Nisipocheza, tarumbeta inaondoka wiki nzima kabla ya arobaini. Nikamwomba Shangazi tuisogeze, tuifanye kesho, tungali nayo.

"Arobaini si ugali, uusonge utakapo."

Alhamisi, 16 Januari

Chengo katoka nje leo akichechemea, kichwa chote cheupe. Mkewe Nyevu kamalizia ile nusu iliyobaki, kuficha aibu. Na wengine walionyolewa wamefanya vivyo hivyo. Vijana wameng'amua. Sasa hawatafuti nusu tena, wanatafuta kipara. Jana kule Mtopanga wamempiga mawe mzee mmoja ambaye, nasikia, hana nywele tangu zamani za Mjerumani.

Lewa kaja. Kasimama mlangoni, hakuingia.

"Shemeji, vaa kofia."

"Shangazi kanikataza."

"Basi kaa ndani."

"Waambie wenzako kwa nini nimenyolewa."

Akatazama miguu yake. Akasema, "Nikiwaambia, wataniuliza mimi mbona nina nywele."

Na akinyoa sasa, watasema na yeye ni msaliti. Nimemwelewa. Sikupenda kumwelewa.

Ijumaa, 17 Januari

Nimekata shauri. Sichezi. Lakini kesho mapema nitavuka mwenyewe na tarumbeta, nimwambie Bwana Fonseka uso kwa uso, na nimwombe aniachie mpaka tarehe 25. Si mtu mbaya. Mkewe mwenyewe amezikwa huku huku, mbali na kwao.

Shangazi kasema nitume mtu. Nani? Nani atatumwa siku hizi?

Nimeifuta tarumbeta kwa leso ya Jumwa. Mwaka juzi alitaka kunisaidia, akavitia vile vitufe vitatu mafuta ya nazi ya kupikia. Asubuhi ya baridi yakaganda. Nikawa nimesimama mbele ya Wazungu, kitufe hakitoki, sauti moja ndefu haina mwisho. Wakapiga makofi. Walidhani ndivyo ilivyoandikwa. Jumwa alicheka njia nzima mpaka akakaa chini.

Jumamosi, 18 Januari

Mkono waandika. Mdomo hapana.

Jumatatu, 20 Januari

Leo naweza kukaa. Niandike mara moja, nisirudie.

Sikufika hata mwanzo wa daraja. Waliona kichwa, wakaona na tarumbeta. Yule hakimu wa debe akainuka.

"Huyu kashanyolewa, na anarudi kazini tena. Huyu ni sugu."

Nikasema nimefiwa na mke. Nikasema jina lake na siku tuliyomzika. Mmoja akasema, "Wote mmefiwa wiki hii. Tangu Jumatatu wake wa Kisauni wamekwisha."

Wakacheka sana. Hata mimi, Mungu anisamehe, kama ningekuwa pembeni ningecheka.

Nikasema naipeleka tarumbeta ili nisicheze. Hapo walicheka zaidi.

Lewa alikuwa hatua kumi. Nikamwita. Nikasema, shemeji, waambie. Hakimu akageuka. "Lewa, wamjua huyu?"

Alikawia. 

"Namjua kwa sura," akasema.

Rungu lilinipata hapa, mdomoni. Sikusikia maumivu kwanza, nilisikia sauti, kama kigae. Nikaanguka juu ya tarumbeta, nikaikumbatia. Walipiga mgongo, walipiga mbavu. Mmoja alijaribu kunivuta mkono aitoe, akashindwa, akanikanyaga vidole. Nilikuwa nahesabu. Jeshini tulifundishwa kuhesabu wakati wa kimya, usipotee, ujue zamu yako ikifika.

Kisha filimbi. Askari. Vijana wote wakakimbia, na Lewa nao. Mimi sikuweza. Askari wakanikuta peke yangu na kichwa changu cheupe. "Huyu ndiye mkubwa wao," kasema mmoja, "kanyoa kama mtu wa vita." Wakaanza upya. Wao hupiga kwa utaratibu zaidi, bega kwa bega, goti kwa goti. Waliacha walipoona chini yangu ni chombo cha muziki. Sijui walidhani ni nini.

Meno mawili ya mbele ya juu hayapo. Mdomo wa juu umepasuka mpaka karibu na pua. Shina la tarumbeta limepinda, vitufe vizima.

Jumatano, 22 Januari

Shangazi ananinywesha uji kwa kijiko, upande wa kushoto. Haniambii kwamba alinionya. Ila anakivuta kijiko kwa nguvu.

Mganga wa zahanati kanishona. Nikamwandikia kwenye karatasi: nitapuliza lini? Akasoma, akaikunja karatasi vizuri, akanirudishia. Kasema miezi mitatu. Kisha kasema pengine nitafute kazi ya mikono. Midomo ya mpuliza ni kama miguu ya mkimbiaji, hiyo najua. Usiku wa kwanza Burma, mkuu wetu alituambia tujifunike uso kabla ya kifua. Tulicheka.

Kaja Mutua jioni. Nusu ya kichwa hana nywele. Vijana walimkamata Jumapili, alipokuja kuniuliza hali.

"Mbona hukumalizia?" Maneno yangu yanatoka na upepo siku hizi, ikabidi nirudie.

"Nimekataa. Wameanza wao, na ibaki hivi. Waione kazi yao."

Konsati ilikuwako. Watu kumi na mmoja, besi ikijaza mashimo yote. Ilipofika zamu yangu Fonseka hakukiruka kile kipande. Alipunga fimbo yake mpaka mwisho, hakuna mtu anayepiga. Mama mmoja wa Kizungu akamuuliza Mutua baadaye yuko wapi yule anayesimama. Mutua akajibu kalala.

Kaleta barua ya wakubwa wa bendi. Tarumbeta irudishwe. Jumamosi tarehe 25, saa sita mchana, askari atakuja kuichukua.

Nikacheka, mshono ukavuta.

Ijumaa, 24 Januari

Inasemekana mgomo unaisha. Vijana wa njia ya Mishomoroni hawajaambiwa, au hawataki. Asubuhi wamemfukuza Chengo na goti lake bovu, wakitupa mawe, akaanguka mtaroni. Nyevu kamtoa mwenyewe, amembeba mgongoni. Mwanamke mwembamba vile.

Mchana nimejaribu. Nimekaa nyuma ya nyumba na kidomo tu, kile cha fedha cha kutia mdomoni. Hicho ni changu mimi, nilikinunua Nairobi kabla ya kupanda meli. Mara ya kwanza upepo. Mara ya pili upepo na damu. Nikakisogeza pembeni, penye meno. Mara ya tatu ikatoka sauti. Mbuzi wa jirani akaitika.

Jumwa angeniambia ilitetemeka wapi. Kote, ningesema mimi. Hapana, angesema, si kote. Angefikiri kwanza.

Uzi mmoja umekatika. Shangazi kauona, akachukua kitambaa, akakibana pale mpaka damu ikasimama. Akauliza, "Sauti moja itatosha?"

Nikasema itatosha.

Jumamosi, 25 Januari

Naandika kaburini, daftari gotini. Shangazi anapalilia kabla ya kuomba. Tuko wawili. Watu wengine wameogopa kuonekana na kichwa changu, siwalaumu. Jua limekaribia utosini. Saa sita haiko mbali, na askari akinikosa nyumbani ataelekezwa huku.

Tarumbeta iko juu ya leso yake. Mutua kalinyoosha lile shina kwa magoti yake jana. Halikunyooka sana.

Nimeacha kuandika kidogo. Lewa kaja.

Kaja peke yake, bila rungu. Kanyoa. Kanyoa chote, mwenyewe, naona alivyojikata kila mahali. Na juu ya sikio pana shimo ambalo si la wembe, damu inamshukia shingoni mpaka kwenye shati. Hakusalimu. Kapiga magoti upande wa miguu ya dada yake, akaweka kiganja juu ya mchanga.

Shangazi kamuuliza nani kamfanya vile.

"Wenzangu. Hapo njiani. Niliwaambia kipara hiki ni cha dada yangu." Akapangusa shingo. "Wakasema wote mmefiwa."

 Kisha akanitazama mdomoni, kwa mara ya kwanza. Alitazama muda mrefu.

"Wanakuja nyuma yangu," akasema. "Puliza, shemeji. Mimi nitasimama pale."

Kaenda kasimama njiani, kwenye mikorosho, katugeuzia mgongo. Mikono mitupu. Kichwa chake kinang'aa, damu na jua.

Nasikia miguu. Watu wengi. Sijui ni viatu vya askari wa saa sita au ni wale vijana. Lewa hageuki kuniambia. Shangazi kasema niache kalamu sasa.

Mdomo umeanza kutoka damu kabla sijaugusa. Pembeni, penye meno. Sauti moja. Nimeigonga tarumbeta kwa kidole, mara tatu —