Mnara Uani kwa Bi Somoe

Salima,

Ofisini tulizoea kuanza barua kwa "husika na kichwa cha habari hapo juu", na za nyumbani tulianza kwa kuulizana hali. Kwako yote mawili hayafai. Nitaanza na habari yenyewe: chumba cha uani kimevunjwa. Pale tulipofundishia kompyuta sasa pamesimama mnara wa simu, umezungushiwa uzio wa waya, na pembeni yake kuna jenereta. Mama yako ndiye aliyetia saini. Usimlaumu kabla hujanisikia.

Siku uliyozikwa, wanaume walipoinua jeneza mimi nilibaki ndani na wanawake, nimekaa mkekani kando ya mama yako, Bi Somoe. Mmakonde wa Newala, Mkristo, dua sizijui, nikawa nafuata midomo ya wenzangu. Hakuna aliyenishangaa. Alikuwa amenishika mkono tangu asubuhi na hakuuachia mpaka wanaume waliporudi kutoka makaburini. Nakumbuka niliwaza jambo la kipuuzi, kwamba kompyuta tuliiacha inawaka siku uliyolalamika kichwa tukakukimbiza hospitali. Presha, walisema. Nilipokwenda kuizima nilikuta umeme wa mgawo umeshakatika. Nikarudi ndani.

Darasa nililifungua tena baada ya arobaini yako. Wanafunzi walirudi karibu wote. Nilikalia kiti chako kwa sababu changu kilikuwa kimelegea mguu, si kwa sababu nyingine.

Watu huniuliza jambo hili lilianzaje, nami huwaambia kwamba Salima alilianzisha na mimi nililipinga. Ni kweli. Shirika lilipouzwa na sisi makarani wa kuchapa tukapunguzwa kazini sote, mimi nilitaka kiinua mgongo changu nikitie kwenye biashara ya vitenge. Wewe ulikuwa umeiona kompyuta moja tu maishani mwako, mezani kwa mkurugenzi mpya. Ulikuja kwangu ukasimama mlangoni, hukuvua hata viatu, ukasema, "Skola, mashine zetu zimeshakufa, bado kuzikwa tu. Twende tukajifunze hiyo nyingine kabla watoto hawajatupita."

Tukaenda Dar, tukajifunza kwa binamu yako, tukarudi na kompyuta moja iliyokwisha kutumika, tumeiviringisha kwenye godoro. Kivukoni Rufiji lori lilikaa foleni tangu asubuhi. Mvua ikaja. Ukavua kanga yako ya juu ukalifunika godoro, na abiria wenzetu wakadhani tunasafirisha mgonjwa. Mzee mmoja akasogea akaliombea dua ya shifaa. Ukaitikia amina kwa adabu kabisa, na mimi ikabidi nigeukie mtoni ili nisionekane ninavyocheka.

Mama yako akatupa chumba cha uani alichokuwa akiwekea kuni na nazi. Wasichana wa mtaa wetu wa Mtanda wakawa wanajifunza vidole kwenye mashine kuukuu za kuchapa, huku wakingoja zamu ya kuigusa kompyuta. Wengine walinawa mikono kwanza, kama wanaokwenda kula.

Mwanahawa alikuja baadaye. Alikuwa mtoto wa mkulima wa korosho kule Milola, amemaliza kidato cha nne na hana pa kwenda, msemaji wa neno moja kwa siku. Wenzake walitaka kujua kuchapa. Yeye alitaka kujua kwa nini mashine inapata moto. Siku kompyuta ilipogoma kuwaka aliomba bisibisi. Mimi nilikataa, wewe ukampa. Ndani alikuta sisimizi wamefanya makao. Aliwatoa kwa manyoya ya kuku, taratibu, akapuliza, akafunga, ikawaka. Hukusema kitu mbele yake. Alipoondoka ukaniambia mtoto yule ni wa chuo cha ufundi, si wa kukaa hapa kuchapa barua za watu.

Tulikwenda Milola sote wawili kumwomba baba yake. Mzee Nampembe alitukaribisha vizuri, akatusikiliza hadi mwisho, kisha akauliza mwanamke fundi wa mitambo ya simu ataolewa na nani, na nguzo? Majirani wakacheka. Ukangoja kicheko kiishe.

"Baba, akikosa mume hatakosa mshahara," ulimwambia. "Na mume akipatikana, atamkuta mwenzake ana mshahara wake."

Mzee akauliza kama huko Dar kuna nyumba ya watu wenye heshima ambapo binti yake angelala. Hapo tukajua amekubali. Tukaletewa ming'oko ya kuchimbwa porini na chai ya rangi, tukala.

Baada ya Mwanahawa wakaondoka wengi. Kampuni za simu zilikuwa zinafunguliwa Dar kama maduka, moja haijamaliza kupaka rangi nyingine inatundika bango. Zilitaka watu wa kukaa mbele ya kompyuta, wa kupokea simu za wateja, wa kusambaza vocha, wa kujenga minara na wa kuilinda. Kila msichana wetu aliyeiva alipanda basi. Ndipo tulipogombana, wewe na mimi, mara ile moja. Nilikuambia tunalima na wengine wanavuna, mwishowe Lindi itabaki na wazee na mbuzi.

Ukasema, "Korosho nayo haitafunwi Milola, Skola. Mbona hatuing'oi mikorosho?"

Sikukubali, na ulijua sikukubali, ukanimiminia chai.

Sasa mnara.

Kiangazi cha kwanza baada ya kuondoka kwako, watu wa kampuni walikuja Mtanda wakitafuta kiwanja cha mwinukoni. Walikuwa wanaume kadhaa na mwanamke mmoja, wote na kofia ngumu na mabuti. Mwanamke akavua kofia mlangoni akasema, "Shikamoo mwalimu." Nikaitikia marahaba kabla sijamtambua. Alikuwa Mwanahawa. Amenenepa kidogo na sauti imekua. Habari ya msiba ilimfikia Miteja, upande wa Kilwa, walipokuwa wakijenga mnara. Kule mtandao haukuwapo bado, ndiyo maana walikuwa kule, kwa hiyo taarifa ilibebwa na dereva wa lori na ilifika ulipokwisha kuzikwa. Aliingia darasani akatazama kiti chako, akalia kidogo. Kisha akafuta uso kwa mkono wa ovaroli, akatoa vipimo vyake.

Niliwaza kwamba Mungu ametuletea mtu wetu. Kiwanja kikipimwa na mtoto aliyesomea humuhumu, kitaonekana hakifai. Sikumwambia hivyo. Niliwapikia chai.

Walizunguka ua na mitaa ya jirani karibu kutwa. Wenzake walipokwenda kula, alinifuata peke yake.

"Mwalimu, hapa ndipo," alisema. "Kule kwingine ni bondeni. Mnara ukisimama hapa, mtandao unafika ng'ambo Kitunda, na huku unashika njia ya Milola."

Nikamuuliza na darasa je. Akasema chumba kitavunjwa, maana msingi unataka palepale. Nikamwambia yeye ndiye mwenye kalamu, anaweza kuandika kwamba pahala hapafai. Aliangalia mabuti yake.

"Naweza," alisema. "Halafu atatumwa mwingine aje apime, aone nimedanganya. Msichana atakayekuja kuomba kazi hii baada yangu hawatampa."

Alipoaga sikumsindikiza, nilibaki nimekaa nikipanga karatasi ambazo zilikuwa zimeshapangwa. Nilimkasirikia, Salima, kama mtu anavyomkasirikia mwanawe. Nilijiambia kwamba tumelea mtoto ametuvunjia nyumba.

Kampuni ilitaka kupangishwa na mwenye kiwanja, ambaye ni mama yako. Kaka zako walileta salamu kutoka Dar kwamba wao wameridhia. Mama akasema hatii saini mpaka azungumze na mimi. Akaniita Ijumaa, watu wametoka msikitini. Nilimkuta barazani na sinia la mchele mapajani, anachambua. Akaniuliza kama nimekula. Akaniuliza habari za Newala. Ndipo akasema alichoniitia.

"Skola mwanangu, kiwanja ni changu, lakini chumba kile ni cha Salima. Mimi nilimzaa, wewe ndiye uliyekuwa naye mchana kutwa. Angesema nini?"

Nilijua ungesema nini. Nilijua tangu siku Mwanahawa alipofungua vipimo vyake, ndiyo maana sikutaka mtu aniulize. Ningeweza kumwambia kwamba ungetaka darasa libaki. Angeniamini. Alikuwa anatamani kuniamini, maana na yeye alipenda kusikia wasichana wakizungumza uani. Hapakuwa na mtu duniani wa kunikanusha. Wewe hukuwapo.

Yeye akaendelea kuchambua, hakunihimiza.

Nikasema, "Angesema wajenge."

"Hata kwa chumba chake?"

"Angewasaidia kubomoa, mama."

Akacheka. Tangu msiba sikuwa nimesikia kicheko chake. Kisha kicheko kikageuka kilio, sinia likamteleza, mchele ukamwagika barazani kote. Tukauokota sote wawili, punje kwa punje.

Walibomoa kabla ya vuli. Sikwenda kutazama. Mwanahawa alisimamia kazi, na kompyuta (tunazo tatu sasa) alizihamisha yeye mwenyewe kwa mkokoteni hadi kwangu, akazifunga sebuleni, akanionyesha waya upi usiguswe. Tulizungumza habari za waya tu. Mnara ulipowashwa, aliniambia anahamishiwa upande wa Mtwara na kwamba kampuni inataka vijana wa hapahapa Lindi wa kuuangalia huu na mingine inayokuja. Akaomba nimpe wasichana wawili. Nilimpa Asha na Hadija. Hao hawakupanda basi. Wanalala kwao, asubuhi wanavaa ovaroli na kwenda kazini kwa miguu. Nakuarifu tu, sisemi kwamba nimekushinda. Wengine bado wanaondoka kama zamani.

Hakuniomba radhi na mimi sikumwomba. Nilimsindikiza hadi stendi.

Mzee Nampembe amenunua simu. Milola mtandao unakuja kwa kubahatisha, kwa hiyo anapanda kichuguu nyuma ya nyumba yake, anampigia binti yake na kumuuliza kama amekula. Habari ya mume bado anaiuliza, ila siku hizi anaiweka mwishoni, na Mwanahawa anasema mara nyingi salio humwishia kabla hajaifikia.

Mama yako hakai tena kule. Jenereta inanguruma, hasa umeme unapokatika, na yeye usingizi wake ni mwepesi. Alikuja kwangu na mkeka na birika akasema ni kwa siku chache. Sasa ndiye anayekaa karibu na mlango wa darasa. Anawajua wanafunzi kwa majina, anajua nani ametoka Mtanda na nani amekuja kwa mguu kutoka mbali, na mwenye njaa anapewa kiporo kabla hajagusa kibodi. Alfajiri anaswali chumba cha mbele, mimi nasali cha nyuma. Nani anamaliza kwanza hatujui, tunakutana jikoni.

Nimeandika yote haya kwa utulivu, utasema Skola hana machozi. Juzi nilimwita mwanafunzi mgeni, binti mdogo aliyekuwa akihangaika na herufi, nikamwita kwa jina lako. Aliitika. Hakujua ni jina la nani, alidhani nimekosea tu, akaja akasimama mbele yangu akingoja. Na mimi nikasahau nilichotaka kumwambia. Nikamtuma dukani akaninunulie kiberiti, na kiberiti ndani kilikuwepo.

Dua zenu bado sijazijua, nakuombea kwa zetu. Naamini zinafika mahali pamoja.

Nakuahidi jambo moja lililo ndani ya uwezo wangu. Mama yako naye ana presha. Wewe hukupimwa, na mimi niliyekuwa nawe kila siku sikujua kuna kitu cha kupimwa. Yeye atapimwa. Kila mwezi nampeleka hospitali, na kila mwezi anakataa, anasema hajambo, anasema kanga yake haijakauka, anasema kwanza ale. Nangoja ale. Nangoja kanga ikauke. Kisha tunakwenda.

Pumzika, Salima. Nasikia anawakaripia wanafunzi mlangoni kwa kuchelewa, na hawajachelewa. Acha niende nikawapokee.

Wako,
Skola