Miaka Miwili, Tumenunua Choo

Ijumaa, Julai 2014. Tunduma. Baridi ya kukata masikio, upepo, na vumbi la malori limejaa hadi kwenye chai.

Niseme mapema ili tusisumbuane: kama akili ingekuwa inauzwa kwa kilo, mimi ningeshanunua Tunduma yote na nusu ya Nakonde, na Wazambia ningewapangisha kwa mwezi. Hesabu hapa boda hakuna wa kunishinda. Shule niliishia kidato cha pili, sikatai, ila walimu ndio walikuwa wananichelewesha. Nipe kwacha, nipe shilingi, nipe dola iliyochanika kona, niulize huku natafuna muhindi wa kuchoma. Jibu unalipata kabla sijameza.

Kwa mgeni wa blogu hii: kazi yangu ni kuchenji hela. Nasimama upande wetu wa mpaka na koti langu kubwa lenye mifuko kwa ndani, kushoto kwacha, kulia shilingi. Polisi wakitukimbiza tunakimbia, wakichoka tunarudi. Mke wangu Tumaini ni mwalimu wa shule ya msingi. Watu huuliza mwalimu mzima alimpendea nini mchenji hela. Mmekosea swali. Ulizeni mchenji hela, na umaarufu wote ule, alimpataje mwalimu mmoja tu akatulia.

Leo nina furaha. Naandika hivyo kwanza, kwa sababu kuna sehemu huko chini utafikiri nalia.

Nyumba tunayokaa ni yetu. Vyumba vitatu, bati la bluu, bomba liko uani. Tuliinunua mwaka juzi kwa mzee mmoja msafirishaji aliyekuwa anarudi kwao Tanga. Alitaka milioni ishirini, hapungui. Tano nilitoa mimi, kutoka kwenye hili koti, noti juu ya noti, hadi mzee akaniuliza kama nimeua mtu. Kumi na tano zilitoka benki, kwa mshahara wa Tumaini, maana benki haikopeshi koti. Tangu hapo kila mwezi laki mbili na arobaini na kitu zinakatwa kabla mshahara haujamfikia mwenyewe.

Sasa Tumaini mwaka huu amepata nafasi ya kusoma shahada Mbeya. Ameisubiri tangu hatujaoana. Ada haitoshi kwenye mshahara uliokatwa, kwa hiyo tangu mwaka jana nimekuwa naficha hela kidogo kidogo, na mwezi huu zimefika milioni tatu. Mpango wangu ulikuwa mtamu: naenda benki Vwawa, naambiwa deni limebaki dogo, nasukuma hizi milioni tatu, wananishushia makato yawe hela ya mboga, na mke wangu anakwenda chuo kwa mshahara wake mwenyewe. Asubuhi nilimwambia, "Mwalimu, anza kufua nguo za chuo."

Akacheka. Lakini akafua.

Benki nilimkuta kijana mmoja afisa mikopo, tai nyembamba, sweta juu, ana mafua. Inaonekana baridi yetu haijamzoea. Nikampa majina, akabofyabofya, akageuza kile kioo cha kompyuta ili na mimi nione.

"Salio ni milioni kumi na nne na laki tano, kaka."

Nikamcheka. "Bwana mdogo, umefungua ya mtu mwingine."

"Ni ya Mwalimu Tumaini, mkopo wa nyumba, Tunduma. Si ndiyo huu?"

"Ndiyo huu. Ila tumeshalipa karibu milioni sita!"

"Kweli kabisa, na mmelipa vizuri mno. Hamjachelewa hata mwezi mmoja." Akapenga kamasi. "Wateja kama nyie ni wachache."

Nilitamani anitukane. Kusifiwa pale kuliniuma kuliko matusi.

Ngoja niwaeleze nilichokuwa nakijua mimi, na msicheke, au chekeni polepole. Sisi boda tunakata mara moja. Umeleta hela, nakata changu, nakupa chako, kwaheri ya kuonana. Siku ya mkopo niliposikia asilimia kumi na nane, nikajua hao nao wanakata kumi na nane yao, mara moja, kama watu wastaarabu. Kumi na tano ukiongeza kumi na nane kwa mia yake, ni milioni kumi na saba na laki saba. Nilipiga hiyo hesabu kichwani nikiwa bado nakaa kitini. Na ile miaka kumi na tano waliyoitaja nikaichukulia kama tunavyoambiana huku, "usijali ndugu yangu, utamalizia ukipata." Nikasema moyoni, miaka kumi na tano ya nini? Mimi hili deni nalimaliza kwa sita.

Kijana wa mafua akanielewesha, na namshukuru, hakunionyesha dharau. Ile kumi na nane wanaikata kila mwaka. Kila mwaka! Juu ya chochote kilichobaki. Na kwa kuwa mwanzoni kilichobaki ni kikubwa, riba nayo ni kubwa, inakula karibu makato yote. Mwezi wa kwanza tulilipa laki mbili na arobaini na kitu. Laki mbili na ishirini na tano zikaenda kwenye riba. Kilichogusa deni lenyewe hakifiki hata elfu kumi na saba.

Hiyo ni bei ya kuku wa kienyeji. Jogoo, tena si mkubwa.

Yaani kila mwezi mke wangu anafundisha watoto tisini darasa moja, anarudi na chaki hadi kwenye nyusi, na deni la nyumba linapungua jogoo mmoja. Miaka miwili ya majogoo haijafika hata nusu milioni. Nikamuuliza, sasa tukienda hivihivi hadi mwisho, jumla tutakuwa tumelipa ngapi? Akazidisha. Milioni arobaini na tatu na zaidi.

Kwa kumi na tano tulizokopa!

Nyumba moja tunakaa sisi, nyingine mbili tunawajengea wao, na kuwapakia rangi.

Nikamwomba arudie hesabu, polepole. Mimi. Wanaonijua waandike tarehe.

Halafu yule kijana, labda aliona nimepauka, akasema kuna kitu watu wengi hawaulizi. Ukileta hela ya ziada, ukaandika kabisa kwamba inaingia kwenye deni lenyewe, haipiti kwa riba. Inakwenda moja kwa moja kule chini kukata mzizi. Akaingiza milioni tatu zangu kwenye kompyuta kwa majaribio. Tukichagua kushusha makato, yanashuka elfu hamsini tu, na miaka inabaki ileile kumi na tatu. Tukiacha makato yalivyo, miaka kumi na tatu inakuwa saba.

"Rudia."

"Saba, kaka. Sita inaondoka."

Nikapiga mwenyewe, kwa kalamu yake, kwa sababu muda huo nilikuwa simwamini tena mtu yeyote, hata mimi. Milioni tatu leo zinafuta milioni kama kumi na saba za baadaye. Nimechenji hela tangu nina miaka kumi na tisa na sijawahi kuona chenji ya namna hiyo. Ningeikuta pale getini mpakani ningesema jamaa ana hela bandia.

Lakini milioni tatu ni zilezile. Zikienda benki, Tumaini haendi chuo mwaka huu. Akienda chuo nazo, deni linaendelea kupungua jogoo mmoja kwa mwezi.

Sikulipa. Nikamwambia kijana narudi Jumatatu, nikapanda gari kurudi Tunduma. Nikapitia getini kufanya kazi kidogo nipoe. Akaja mama mmoja wa Nakonde, mteja wangu wa siku zote, anauza samaki wakavu. Nikampa kwacha. Akazihesabu, akahesabu tena, akanitazama.

"Iwe mwaice," akasema, ndivyo anavyoniita kwa Kibemba, kama mtoto wake, "leo unaumwa? Umenizidishia."

"Nimekupa zawadi, ba mayo, mama yangu."

"Wewe? Zawadi?" Akanirudishia noti yangu kiganjani akanifumbia vidole. "Nenda nyumbani ukalale."

Nikaenda nyumbani.

Tumaini alikuwa uani anachambua maharage, zile nguo zinaning'inia kwenye kamba nyuma yake. Nilikuwa nimepanga kumzungusha. Nina maneno ya kuzungusha watu, ndiyo kazi. Ila nikakaa kwenye ndoo iliyogeuzwa nikamweleza yote, riba, majogoo, milioni arobaini na tatu, miaka sita. Alisikiliza bila kuacha kuchambua.

"Kwa hiyo, Baba Ester," akasema mwishoni, "milioni sita zote hizo, zilizonunua nyumba kweli ni nusu milioni tu?"

"Hata hazifiki."

Akageuka akaiangalia nyumba, kutoka bati hadi msingi, halafu akaangalia kule kona ya uani. "Basi tumenunua choo."

"Na mlango wake."

"Mlango haumo. Ule wa bati niliununua mimi kwa hela ya masomo ya ziada, usiwape benki."

Tulicheka hadi Ester akaamka akaja kuuliza kuna nini. Mtoto wa miaka minne unamwelezaje kwamba mama na baba wanamiliki choo? Tumaini akamwambia, "Baba yako leo ameenda shule." Haya, nikubali nitaniwe, imeniuma kidogo tu.

Halafu akajipangusa mikono kwenye kanga. "Peleka benki."

"Na chuo?"

"Chuo hakinikati kumi na nane kila mwaka nikichelewa."

"Wakikunyima nafasi mwakani?"

"Nitaomba tena. Nikinyimwa nitaomba tena." Akachukua ungo. "Miaka sita inaondoka, Baba Ester. Ester atakuwa darasa la sita mkopo umekwisha, wala hajui kama ulikuwepo. Peleka."

Nilihesabu haraka, ni kama la tano, au la sita. Sikumsahihisha, maana leo sina cheo hicho.

Kwa hiyo Jumatatu zinakwenda. Na kwa nini nasema nina furaha? Kwa sababu nyumba ninaipenda. Pale tulipopanga zamani mama mwenye nyumba alikuwa anafunga bomba akigombana na mumewe, sisi tunanuka ugomvi usiotuhusu. Hapa maji yangu nafungua mwenyewe. Kuanzia sasa kila nikipata ziada naitupia kule kule kwenye mzizi, hata laki moja, na kwa mdomo huu niliopewa nitamshawishi yule kijana wa mafua aniandikie kila mara imeingia wapi. Saba yenyewe itakuwa tano, mtaona. Na wewe unayesoma hapa unataka kukopa nyumba, chukua bure kwa mtaalamu: usiulize makato ya mwezi ni ngapi. Ya mwezi siku zote yanaonekana ya kawaida, ndiyo maana wanakutajia hayo. Uliza hadi siku ya mwisho utakuwa umetoa jumla ngapi, halafu ulizia ukileta ziada inaingia wapi. Ukiona aibu kuuliza, nipigie mimi nitauliza, sina aibu.

Ningeishia hapo ingekuwa posti nzuri. Watu wangesema jamaa mjanja, kadondoka akaamka.

Ila kuna kimoja kimeharibika kweli, na si riba.

Siku ile ya kusaini, mwaka juzi, palepale Vwawa, mbele ya afisa mwingine aliyekuwepo wakati huo, Tumaini aliomba karatasi arudi nazo nyumbani. Usiku mmoja tu, azisome. Alisema kwa adabu, yule afisa alikuwa ameshaanza kumkabidhi. Nikaziwahi mimi. Nikasema kwa sauti, watu wa foleni wasikie, "Mwalimu, hapa si darasani. Hesabu ya nyumba hii nimeshamaliza kichwani." Watu wakacheka. Na mimi nikacheka nao, nikamwangalia yeye acheke.

Hakucheka. Alichukua kalamu akasaini. Mshahara wake, jina lake, miaka yake kumi na tano.

Angezisoma angejua. Ni mwalimu wa hisabati, jamani.

Leo jioni nzima hakulitaja, hata kwa utani. Nilikuwa nasubiri alitaje, nina majibu matatu ya kuchekesha tayari. Sasa hivi amekaa mezani anaandika barua ya kuwaambia chuo kwamba mwaka huu hatakuja. Ameomba nizime redio. Nimezima, na samahani yenyewe bado sijaitoa.