Nani Ataonja Kwanza

Papa Esta,

Mukono wangu si wa kuandika, unajua. Wewe njo ulikuwa pasta, barua ilikuwa kazi yako. Lakini nikingoja mupaka tuonane huko, nitapasuka.

Watu walikuja kukulilia, wakakula maharagi yetu, kisha midomo ikafunguka. Eti umekufa na sumu. Eti ilikuwa ndani ya kikombe cha Bwana, na mwenye kuitia ni Mama Nyota, yule mujane wa ngambo ya muto anayetukamulia mutobe, maji ya ndizi, tangu divai ikosekane. Juu ya kuwa mutu wa ngambo, basi, ikatosha. Vijana wanasema watachoma nyumba yake.

Ee, nilikasirika! Mi njo nilifua mashuka yako. Tumbo lako liliharibika kule Walikale, ile miaka ya kutembea ndani ya pori, unalowa, unakula chochote. Ulirudi unatapika damu, ukaniambia, "Mama Esta, usiseme, Askofu atanikalisha nyumbani." Kichwa nguvu! Munganga alikuambia upumzike, ukapumzika mupaka Ijumaa. Kesho yake, siku ya posho, ukachukua fimbo na kanzu yako nyeupe, ukaenda kubatiza watoto Walikale tena.

Nakumbuka siku ulirudi kutoka Boga, Askofu amekuwekea mikono. Nilidhani utaingia kama mukubwa. Ukavua viatu, ukachukua jembe, ukanifuata shambani. Nikakuchekesha, "Pasta, majani haiogopi ile kola yako." Ulicheka mupaka ukakaa chini.

Kisha vita ikapanda milima, watu wa huku na wa ngambo wakauana. Ilipoisha, hakuna aliyetaka kukunywa kikombe cha Bwana nyuma ya mwenzake. Wewe ukasema mwenye nyumba njo anaonja pombe kwanza, mugeni atulize roho. Ukakunywa wa kwanza, ukamaliza na kilichobaki. "Kama sumu iko, inikute mimi." Waliogopa, lakini wakaja, mumoja mumoja. Sasa maneno ile ile wanaigeuza. Eti ulijitabiria.

Jana pasta mugeni alikuja kutuwekea meza ya Bwana. Mama Nyota aliingia na kibuyu chake, akakaa karibu na mulango, peke yake. Pasta akakunywa. Akaita watu. Hakuna aliyesimama. Yeye ni mugeni, hajui kintu, kuonja kwake hakukuwatuliza.

Nikasimama mi. Nikawaambia habari ya damu, ya munganga, yote uliyonikataza. Unisamehe ao usinisamehe, ni shauri yako. Mutu mumoja akasema nyuma, "Mujane wa pasta anaficha aibu." Papa Esta, nilitamani kumurushia kiatu!

Nikaenda mupaka mulangoni, nikashika Mama Nyota mukono. Tukapiga magoti pamoja. Nikasema ye akunywe kwanza, mi nikakunywa nyuma yake, palepale midomo yake ilipogusa. Magoti yangu iliuma, na nilikukosa sana ile saa, sana. Niligeuka kuona nani anakuja.

Esta wetu alikuja. Na mwalimu muzee wa kanisa, na fimbo yake. Njo basi. Wengine walitoka. Kikombe kilibaki karibu kujaa, na pasta mugeni akakimaliza vile ulikuwa unafanya.

Siwezi kukudanganya eti imeisha. Mama Nyota analala hapa kwetu, kwenye kitanda cha Esta, mupaka vijana wapoe. Asubuhi amenisaidia kupalilia. Anajua kunyamaza vizuri kuliko mi.

Nakuahidi kintu kimoja. Kuanzia sasa nitakamua ndizi pamoja naye, mikono yangu na yake ndani ya chombo kimoja, mbele ya macho yao. Wenye kusema sumu, waseme kwanza kama mujane wa pasta njo aliitia.

Lala, Papa Esta. Na safari hii pumzika kweli, si mupaka Ijumaa.

Mama Esta wako