Simu Haisikie Sauti ya Papa Ignace

Mama Emérence mupendwa, mushauri wetu wa radio,

Mbele niombe musaada, ujue kwanza nani anakuandikia: mimi ndiye mutu wa kwanza mu mutaa wetu wa Simi-Simi kwa kusoma noti za muziki, nazisoma vile wewe unasoma bei ya samaki kwenye ubao, miaka makumi tatu na nane niko mu kwaya, sauti ya basse, ile ya chini kabisa, mustari wa nyuma, na hakuna karatasi ya wimbo ilinishinda. Bon. Nimeandika hivyo, nimeangalia, kalamu yenyewe imeona haya. Ni uongo, mama. Mimi noti naziona kama mbegu za papai zimemwagika juu ya waya. Miaka yote hiyo nasimama karibu na Papa Ignace, fundi wa mitumbwi, mutu wa Yanonge, yeye ndiye anasoma, sauti yake inaanza, mimi naingia nyuma yake kidogo tu, kama mutu anayeingia kanisani nyuma ya mutu munene, na hakuna aliyejua, hata marehemu muke wangu.

Sasa sikia ubaya. Tumepata maestro mupya, Ruphin, amesoma Kinshasa, shingo ndefu, anasema kila mwimbaji aweke mu simu yake application ya kujifunza kusoma noti: inakuonyesha noti, unaimba, inakupa pointi juu ya mia, na asiyefika makumi saba hatasimama na kwaya siku ya Pentekoste. Hiyo application, mama, iko na ujinga wa mutu mwenye diplome! Haisikie sauti ya chini! Papa Ignace akiimba madirisha yanatetemeka, bata wa jirani wanasimama, lakini simu inaandika: “Hakuna sauti. Tafadhali imba.” Unamwambia Ignace “tafadhali imba”! Alirudilia mara ine mbele ya kwaya yote, mara ine, ikamupa makumi mbili na moja, na Ruphin akasema, “Papa, machine haina upendeleo.” Ignace akamujibu, “Mutoto, machine haina masikio,” akavaa kofia, akaenda. Ni juma ya tatu sasa hajarudi kanisani, anachonga mutumbwi mumoja tu bila kuumaliza.

Na mimi? Mimi nilipata makumi tisa na mbili. Usicheke. Ile application ya bure iko na mazoezi makumi mbili tu, inayarudilia kwa mupango ule ule, donc nilimuomba Angélique wa sauti ya kwanza aniimbie yote jikoni kwake, nikayashika kwa kichwa vile tulishika Baba Yetu. Na juu ya sauti ya chini nikapata dawa: unaweka simu ndani ya nzungu tupu, ile sufuria ya kupikia majani ya pondu, unainamisha kichwa, unaimbia mule ndani, sauti inavimba, simu inasikia. Nikamuonyesha Ruphin pointi zangu, akanikumbatia! Nikamupelekea Ignace hiyo dawa ya nzungu. Akaniangalia, akasema, “Ndeko, mimi namuimbia Mungu. Kuimbia nzungu, hapana.”

Sasa Ruphin amenifanya mukubwa wa basse. Na wimbo wa Pentekoste unaanza na basse mumoja peke yake, mistari miwili, ni mimi huyo, na karatasi atatutolea siku ya répétition, mazoezi ya mwisho ya kwaya, eti tusome kwa macho. Macho gani? Nikisema ukweli natoka mu kwaya, na kwa uzee huu kwaya ndiyo mahali pekee mutu ananiuliza nimelala namna gani. Nikinyamaza, Ignace anabaki inje kwa kosa la simu. Nina hasira, mama! Na simu, na Ruphin, na yule aliyetengeneza chombo akasahau kama wanaume wana koo! Nifanye nini?

Halafu kitu kidogo. Mwaka jana paa la studio yenu lilivuja, nani alipanda kuziba? Mulisema mutanirudishia wema. Basi nirudishieni: musitaje jina langu.

*

Papa, jina lako sitalitaja. Lakini hapa Simi-Simi wazee wanaoimbia nzungu ni wangapi? Ungeomba kitu kingine.

Nimecheka, sikatai. Halafu nimekasirika. Juu ya simu, haki ni yako: chombo kisichosikia sauti ya mwanaume muzima hakiwezi kumupima, na maestro anayeona madirisha yanatetemeka huku anasoma “hakuna sauti” amechagua kuamini kioo cha simu kuliko masikio yake. Ruphin, kama unasikiliza, ni wewe nasema.

Lakini wewe, papa, acha kulia kama mutu aliyeibiwa. Simu haikukudanganya. Wewe ndiye uliidanganya, maskini ikaamini. Miaka makumi tatu na nane umekula kwenye sahani ya Ignace, na siku walipomutoa ulikuwa pale pale. Ulisema nini? Nimetafuta neno lako mu barua yote, nimekuta nzungu tu.

Unaogopa kubaki peke yako. Naelewa, mimi pia ni mujane, najua nyumba ambayo inaongea na saa ya ukutani tu. Na Ignace, anaongea na nani? Na shoka?

Alors fanya hivi. Leo, si kesho, nenda pale anachonga, umwambie yote, na ya tangu zamani. Mimi nafikiri anajua. Hakuna mutu anatembea na kivuli miaka yote hiyo bila kukisikia kinapumua. Alhamisi muende wawili kwenye répétition. Mbele ya kwaya yote, muombe Ruphin karatasi ambayo hakuna aliyeiona, na simu zizimwe. Wewe soma wa kwanza, peke yako. Wa kwanza, nimesema! Ukimufuata Ignace utamuibia tena. Itakuwa aibu, iache iwe aibu mpaka mwisho wa mustari. Halafu Ignace asome ile ile. Kama Ruphin iko na masikio, hataomba pointi.

Usimubembeleze Ruphin akuache mu kwaya. Mubembeleze Ignace akufundishe, noti moja kwa siku, huku unamushikia ubao wa mutumbwi. Na kama Pentekoste itakukuta bado hujui, usisimame nyuma yake. Kaa kwenye benchi ya mbele, funga kinywa, umusikilize rafiki yako mara ya kwanza bila sauti yako juu ya sauti yake.